UZI: Mafundi wa maleba na seti katika filamu za Cheki, na namna majina yao yalivyopanda, yalivyofutwa na yalivyofichwa

Mtunza Maleba:

Wakuu, salaam.

Katika jukwaa hili tumewajadili waongozaji na waigizaji mpaka tukachoka, ilhali watu waliochora nguo, waliojenga kuta na waliotengeneza vifaa tunawataja kwa nusu sentensi. Leo naomba tuwazungumzie hao, na nimechagua iliyokuwa Chekoslovakia kwa sababu sijaona nchi nyingine ambako mbunifu wa maleba, yaani nguo za waigizaji, au wa seti alihesabiwa kuwa mtunzi wa filamu kwa kiwango kile. Hesabu hiyo ilikuwa na gharama yake: siasa zilipobadilika, mbunifu aliadhibiwa pamoja na mwongozaji, na wakati mwingine zaidi yake.

Tuanze na mahali penyewe. Studio za Barrandov, juu ya kilima kusini mwa Praha, zilijengwa kuanzia 1931 na Miloš Havel, ami yake Václav Havel aliyekuja kuwa rais, kwa michoro ya msanifu majengo Max Urban, na filamu ya kwanza ilipigwa humo mwaka 1933. Wajerumani walipoikalia nchi waliongeza majumba makubwa ya kupigia picha, na Agosti 1945 serikali ikaitaifisha sekta nzima ya filamu. Utaifishaji huo ulileta udhibiti wa kisiasa, hilo halina ubishi, lakini ulileta pia jambo ambalo studio nyingi za binafsi hazikuweza kulimudu: mafundi walioajiriwa mwaka hadi mwaka. Kulikuwa na washonaji, washona viatu, watengeneza nywele za bandia, maseremala, wachora mapazia na wahunzi, wote chini ya mwajiri mmoja, na ghala la nguo ambalo halikufumuliwa kila filamu ilipokwisha. Ghala hilo lipo hadi leo na lina zaidi ya mavazi laki mbili. Mbunifu aliyekuwa na wazo gumu saa tatu asubuhi aliweza kushuka ngazi akamkuta fundi wa kulitekeleza.

Sasa mtu wa kwanza. Theodor Pištěk alizaliwa Praha mwaka 1932, mtoto wa waigizaji wawili, na alisomea uchoraji katika Chuo cha Sanaa Nzuri cha jiji hilo. Hakusomea ushonaji wala filamu. Kazi iliyomjenga ni *Marketa Lazarová* ya mwongozaji František Vláčil, iliyotoka 1967, inayosimulia koo za wanyang'anyi na wakuu wadogo wa Bohemia katika karne ya 13. Vláčil alikataa kabisa filamu za kihistoria ambamo watu wa zamani huonekana kama watu wa leo waliokodi nguo. Alitaka ngozi, manyoya na vitambaa vizito vilivyotengenezwa kwa njia zinazokaribia zile za kale, na alitaka waigizaji waishi navyo porini kwenye baridi mpaka mwili uzoee uzito wake. Upigaji picha ulichukua siku 548. Ukiitazama filamu ile utaona kwamba nguo haimpambi mtu yeyote. Inamlemea, inamkinga na inaonyesha ukoo wake kabla hajafungua mdomo. Mwaka 1998 wahakiki wa Kicheki waliipigia kura kuwa filamu bora ya nchi yao ya nyakati zote.

Gharama zilipanda kiasi kwamba Barrandov ilimtaka Vláčil atengeneze filamu nyingine ya zama za kati kwa kutumia maleba na vifaa vilevile, ili fedha zirudi. Ndivyo ilivyozaliwa *Údolí včel* ya 1968, ambayo kwangu ni filamu bora kuliko watu wengi wanavyoipima. Mhasibu wa studio, bila kukusudia, alichangia sanaa.

Nitaendelea na mbunifu wa pili, Ester Krumbachová, lakini nasubiri kwanza maoni yenu.

Fundi Cherehani:

Ndugu Mtunza Maleba, nashukuru kwa kutukumbuka. Mimi ni mshonaji, na nimeshona nguo za tamthilia na za filamu chache za hapa kwetu. Naomba kuuliza jambo la kifundi. Nguo za *Marketa Lazarová* ulizozieleza zinaonekana kana kwamba zimevaliwa maisha yote. Katika kazi ndogo tunazofanya, mwigizaji huja na nguo zake kutoka nyumbani, na ikitakiwa nguo mpya, huonekana mpya hata kama mhusika ni maskini wa mwisho. Wenzetu walilishughulikia vipi suala hili?

Mtunza Maleba:

Fundi, swali lako linagusa kiini cha kazi hii. Katika studio kubwa kuchakaza nguo ni idara inayojitegemea. Nguo ikishashonwa hukabidhiwa fundi mwingine ambaye huisugua kwa msasa na brashi ya waya penye viwiko, magoti, ukingo wa mifuko na pindo, yaani pale tu ambapo mwili wa mtu husugua kweli; huichovya katika rangi hafifu ili ule weupe wa dukani ufe; huipaka nta, mafuta au udongo; na huijaza vitu vizito mifukoni kisha kuining'iniza ikiwa mbichi ili ivutike. Kosa la wanaoanza ni kuchafua nguo yote sawasawa. Uchafu wa kweli una ramani yake: mchinjaji huchafuka mbele, mpanda farasi huchakaa ndani ya mapaja, mwandishi huchakaa kiwiko cha mkono mmoja. Mambo haya hayahitaji studio ya serikali, Fundi. Yanahitaji nguo ikamilike mapema kabla ya siku ya kupiga picha, na hapo ndipo bajeti zetu zinapotuangusha, maana nguo hufika asubuhi ileile.

Mtunza Maleba:

Naendelea. Ester Krumbachová alizaliwa Brno mwaka 1923 na kufariki Praha mwaka 1996. Alianzia ukumbi wa maonyesho kama mbunifu, akahamia filamu mwanzoni mwa miaka ya 1960. Majukumu yake kwenye filamu hayaingii katika kisanduku kimoja: alibuni maleba ya *Démanty noci* ya Jan Němec (1964), kisha akaandika pamoja na Němec, ambaye walikuwa wameoana, *O slavnosti a hostech* (1966), na mwaka uleule akaandika na kubuni *Sedmikrásky* pamoja na mwongozaji Věra Chytilová.

Nakaa kidogo kwenye *Sedmikrásky*, kwa sababu humo kazi ya mbunifu inaonekana waziwazi kuliko mahali popote. Wasichana wawili, wote wakiitwa Marie, wanaamua kwamba kwa kuwa dunia imeharibika, nao wataharibika. Filamu haina kisa cha kawaida. Kinachoishikilia ni rangi, mpangilio wa vyumba na nguo. Kuta za chumba chao zimebadilishwa kuwa daftari: zinachorwa, zinaandikwa, zinabandikwa. Magauni yao ni mepesi na ya kitoto, jambo linalofanya ukorofi wao uchelewe kutambulika. Karibu na mwisho, wakijifanya wametubu, wanarudi kusafisha ukumbi wa karamu walioukanyagakanyaga, nao wamevaa mavazi ya magazeti yaliyofungwa kwa kamba. Nguo hizo za karatasi zinachakarisha kila wanapotembea, huku wakinong'ona kwamba wakifanya bidii watakuwa na furaha. Kejeli hiyo ya lugha ya magazeti ya serikali imebebwa na vazi. Ukiliondoa, maneno yao peke yake hayatoshi.

Serikali ilielewa. Mei 1967 mbunge mmoja aitwaye Jaroslav Pružinec, akiungwa mkono na wenzake, alisimama bungeni kulaani filamu hiyo na ile ya *O slavnosti a hostech*, na lalamiko moja kubwa lilikuwa chakula kilichokanyagwa kwenye karamu ile, wakati wakulima wanahangaika na uzalishaji. Sijui kama kuna mpangaji wa meza mwingine duniani aliyewahi kujadiliwa bungeni.

Baada ya majeshi ya Mkataba wa Warsaw, yaani ya Umoja wa Kisovyeti na washirika wake, kuingia nchini Agosti 1968 mambo hayakufungwa siku moja. Krumbachová alishiriki kuandika *Kladivo na čarodějnice* ya Otakar Vávra, juu ya mashtaka ya uchawi ya karne ya 17 ambayo mtazamaji wa wakati ule aliyasoma kama mashtaka ya kisiasa ya miaka ya 1950. Aliandika pamoja na Jaromil Jireš na kusimamia sura ya *Valerie a týden divů* (1970). Na mwaka huohuo akaongoza filamu yake mwenyewe, *Vražda ing. Čerta*, ambamo mwanamke anampikia mgeni mlafi asiyekwisha njaa, mgeni ambaye ni shetani. Kisha mlango ukafungwa. Katika kipindi ambacho watawala walikiita cha kurejesha hali ya kawaida, alizuiwa kufanya kazi za filamu kwa miaka mingi. Mwaka 1973 *O slavnosti a hostech* iliwekwa katika orodha ya filamu zilizopigwa marufuku milele. Chytilová, baada ya miaka kadhaa ya kunyimwa kazi, alirudi kuongoza. Krumbachová jina lake lilirejea kwenye filamu ya Chytilová ya 1983, *Faunovo velmi pozdní odpoledne*, akiwa mwandishi mwenza, lakini ile miaka yake ya nguvu ilikuwa imekwisha kupotea.

Binti wa Makadara:

Mwalimu, nimesoma kwa makini na nina pingamizi. Umetuonyesha Krumbachová aliyefungiwa, lakini Pištěk aliendelea kufanya kazi chini ya watawala walewale mpaka akachukua Oscar kwa filamu ya *Amadeus*. Je, hoja yako ya kwamba mbunifu aliadhibiwa pamoja na mwongozaji haijajipinga? Au tuseme wazi kwamba mmoja alikuwa na msimamo na mwingine alinyamaza?

Mtunza Maleba:

Dada, pingamizi lako ni la haki, na nisingependa kulijibu kwa mkato.

Tofauti niionayo mimi ni ya aina ya kazi. Krumbachová aliandika, jina lake lilikuwa kwenye miswada, na miswada ndiyo iliyosomwa na wakaguzi. Pištěk hakuandika. Mchoraji anayewavisha wahusika wa zamani za wafalme anaweza kusema mengi bila kuacha sentensi ya kunukuliwa bungeni. Miaka ya 1970 alikuwa akichora picha zake zinazoiga uhalisi wa fotografia, akishughulika sana na injini na magari, maana alikuwa pia dereva wa mashindano, na filamu alizovisha zilikuwa mara nyingi za kihistoria au za hadithi. Kunyamaza au hekima, hilo kila mtu atalipima. Mimi sina mizani ya kumhukumu mtu aliyeishi pale.

Na tazama mfano wa *Tři oříšky pro Popelku* ya 1973, filamu ya Cinderella iliyotengenezwa kwa ubia na studio ya DEFA ya Ujerumani Mashariki, ambayo maleba yake yalibuniwa na Pištěk. Ilikusudiwa kupigwa majira ya joto. Wajerumani walikuwa na nafasi katika ratiba yao wakati wa baridi tu, hivyo kila kitu kikageuzwa: mwongozaji Václav Vorlíček akatazama michoro ya theluji ya Pieter Brueghel, na nguo zikabuniwa upya kwa ajili ya baridi. Kofia, manyoya na rangi zinazojitokeza juu ya theluji, mambo ambayo leo watazamaji huyaona kuwa ndiyo roho ya filamu ile, yalitokana na kalenda ya studio. Hadi leo huonyeshwa kila Krismasi nchini Cheki, Ujerumani, na hata Norwei, ambako sauti zote hutafsiriwa na msimulizi mmoja wa kiume.

Lakini ndani ya filamu hiyo tamu kulikuwa na mtu aliyejificha. Mswada uliandikwa na František Pavlíček, aliyekuwa amepigwa marufuku, na kwenye orodha ya watengenezaji likawekwa jina la Bohumila Zelenková aliyekubali kumbebea. Kama siri ingetoka, naye angeumia. Kwa hiyo, dada, mstari kati ya waliofungiwa na walioendelea ulipita katikati ya filamu mojamoja, na walioendelea wakati mwingine ndio waliowafunika wenzao.

Mzee wa Mkanda:

Niongezee hapo. Jan Švankmajer, ambaye vijana wanamfahamu kwa filamu zake za vitu vinavyojiendesha, alisomea sanaa za ufundi na kisha vikaragosi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alizuiwa kutengeneza filamu zake mwenyewe. Akapata kazi Barrandov ya kutengeneza vitu vya ajabu kwa ajili ya filamu za wengine. Ule mmea unaokula watu katika *Adéla ještě nevečeřela* ya Oldřich Lipský (1978) aliuhuisha yeye, na vile vifaa vya kichaa katika *Tajemství hradu v Karpatech* (1981) ni vyake pia. Watu walikwenda sinema kucheka vichekesho vya Lipský, na bila kujua wakaitazama kazi ya msanii ambaye filamu zake walinyimwa.

Ningependa pia tusisahau kwamba nyuma yake kulikuwa na mapokeo marefu ya vikaragosi, Jiří Trnka akiwa kinara, na kule Zlín Karel Zeman aliyetengeneza *Vynález zkázy* (1958) kwa kuwachanganya waigizaji hai na mandhari yaliyochorwa kwa mistari ya michoro ya vitabu vya kale. Studio ile ya Zlín ilianzishwa na kampuni ya viatu ya Baťa, kwa ajili ya matangazo ya biashara.

Mtunza Maleba:

Mzee, asante sana. Mfano wa Švankmajer nilikuwa nimeuweka akiba, na umeueleza vizuri kuliko nilivyokusudia.

Niimalizie basi habari ya *Amadeus*, filamu juu ya mtunzi wa muziki Mozart, ile iliyompa Pištěk Oscar aliyoitaja dada. Mwongozaji wake, Miloš Forman, alikuwa ameondoka Chekoslovakia na kupata uraia wa Marekani. Mwaka 1983 aliruhusiwa kurudi kupiga filamu hiyo Praha, kwa sababu serikali ilihitaji fedha za kigeni na yeye alihitaji jiji la karne ya 18 ambalo halijaharibiwa na mabango wala majengo mapya. Alipata zaidi ya mitaa: alipata ukumbi uleule ambamo Mozart aliongoza onyesho la kwanza la opera yake *Don Giovanni* Oktoba 1787, ukumbi wa mbao ulioangazwa kwa mishumaa halisi ili mwendesha kamera Miroslav Ondříček apate mwanga wake, huku wazimamoto wakisubiri. Mandhari ya michezo ya opera iliyomo ndani ya filamu yalibuniwa na Josef Svoboda, bingwa wa majukwaa. Forman mwenyewe alisimulia kwamba siku ya Julai 4 wimbo wa taifa la Marekani ulipopigwa ghafla ukumbini, waigizaji wa ziada wote walisimama na kuimba, isipokuwa watu kama thelathini waliobaki wakitazamana. Hapo ndipo kila mmoja alipowatambua polisi wa siri.

Machi 1985 filamu ilichukua Oscar nane. Moja ilikwenda kwa Pištěk kwa maleba, na nyingine, ya ubunifu wa seti, ilikwenda kwa Patrizia von Brandenstein pamoja na Karel Černý, mtu wa Barrandov. Kuhusu maleba yale naomba mtazame jambo moja tu: nguo za Salieri, mtunzi mwenzake Mozart na mpinzani wake katika filamu, zina rangi nzito na zimekaa sawasawa mwilini, wakati za Mozart zina rangi za peremende na hazijawahi kutulia. Ugomvi wa filamu nzima umeshonwa humo. Baadaye Pištěk alivisha *Valmont* (1989), akateuliwa tena kuwania Oscar na kushinda César ya Ufaransa, na mwaka 1990 Rais Havel alimpa kazi ya kubuni sare mpya za walinzi wa Ikulu ya Praha. Ukiwaona leo wakibadilishana zamu, unaona kazi ya mtu wa filamu.

Kijana wa Seti:

Wakubwa, shikamooni. Mimi nimemaliza diploma ya sanaa za ufundi na napenda kujenga seti. Je, kazi hizi bado zipo kule, na mtu kutoka Afrika Mashariki anaweza kuzisomea?

Mtunza Maleba:

Marahaba, mdogo wangu. Kazi zipo, ila sura yake imebadilika. Barrandov ilibinafsishwa mwanzoni mwa miaka ya 1990, na ule mfumo wa mafundi walioajiriwa kwa miaka yote ukavunjika; wengi sasa hufanya kazi kwa mkataba wa filamu mojamoja. Tangu 2010 serikali hurudishia watayarishaji sehemu ya gharama walizotumia nchini, ilianza na asilimia 20, na wageni huja kwa wingi. Treni yote ya *Snowpiercer* (2013) ilijengwa ndani ya Barrandov kwa ubunifu wa Ondřej Nekvasil, Mcheki. Mahandaki ya *All Quiet on the Western Front* ya 2022 yalichimbwa Milovice, kwenye uwanja wa ndege wa zamani wa jeshi la Kisovyeti, na filamu hiyo ilichukua Oscar ya ubunifu wa seti. Jina la mbunifu mkuu katika kazi kama hizo mara nyingi ni la mgeni; wachongaji, wapiga rangi na maseremala ni wenyeji.

Kuhusu masomo, wengi hukimbilia FAMU, shule ya filamu iliyoanzishwa 1946, lakini kwa seti na maleba tazama kwanza idara ya ubunifu wa jukwaa ya DAMU, kitivo cha tamthilia kilicho chini ya chuo kikuu kilekile cha sanaa za maonyesho. Masomo ya Kicheki katika vyuo vya umma hayana ada hata kwa mgeni. Yale ya Kiingereza hulipiwa. Kwa hiyo gharama yako kubwa itakuwa kujifunza lugha hiyo, na watakutaka upeleke kabrasha la michoro ya mkono. Picha za kompyuta peke yake usizitegemee.

Fundi Cherehani:

Kijana, kabla ya kabrasha hilo, njoo karakana kwangu tuchakaze koti moja. Utalipiga picha kabla na baada, uliweke ukurasa wa mbele.